Nyumba Moja kwa Bei ya Nyumba Tatu

Mama Sindano alikuwa na vyerehani viwili na mdomo mmoja, na vyote vitatu vilifanya kazi kutwa nzima. Kibanda chake cha ushonaji kilikuwa karibu na kituo cha basi. Kila aliyepita alisalimiwa. Kisha aliambiwa kama gauni lake limemkaa au halijamkaa. Watu walicheka, wakaingia, wakaacha kazi.

Mumewe alikuwa fundi wa friji. Watu walimwita Baridi. Kwanza kwa sababu ya kazi yake. Pili kwa sababu hakuna aliyewahi kumwona amekasirika.

Walikuwa na binti mmoja wa miaka tisa. Wote watatu waliishi katika vyumba viwili vya kupanga. Friji za wateja zilijaa ukumbini, nyingine zimefunguliwa migongo. Binti alifanyia kazi zake za shule juu ya friji moja mbovu, kwa sababu meza ilikuwa na vitambaa vya mama. Mwenye nyumba alikuwa ameshapandisha kodi mara tatu katika miaka minne. Kila mara alianza kwa maneno yale yale: "Mimi nawapenda sana, lakini..."

"Akianza kutupenda tu, mimi nashika pochi," alisema Mama Sindano.

Kwa miaka tisa mke na mume hao waliweka akiba. Haba na haba hujaza kibaba, na kibaba chao kilifika milioni kumi. Ndipo wakapata nyumba. Ilikuwa na vyumba vitatu, sebule, jiko, na chumba kidogo cha mbele chenye mlango wa barabarani. Bei yake ilikuwa milioni arobaini. Wao wangetoa milioni kumi, na benki ingewakopesha milioni thelathini.

Afisa mikopo wa benki aliwapa karatasi za kusoma. Wangesaini siku ya Ijumaa. Mama Sindano alizibeba karatasi zile kila mahali. Alikuwa na furaha, na alitaka watu waione.

Jumatatu asubuhi wifi yake alifika kibandani kupima gauni. Huyu alikuwa dada mkubwa wa Baridi. Alikuwa karani katika chama cha akiba na mikopo. Aliongea kidogo na kusoma kila kitu, hata maandishi ya nyuma ya pakiti ya sabuni.

"Wifi, hebu ona!" Mama Sindano akampa zile karatasi. "Karibu nikukaribishe kwangu. Kwangu kabisa!"

Wifi alivaa miwani. Alisoma ukurasa wa kwanza. Akasoma wa pili. Akarudi tena wa kwanza.

"Jumla yake ni kiasi gani?" akauliza.

"Jumla gani tena?"

"Fedha yote mtakayolipa mpaka siku ya mwisho."

"Kwa mwezi ni laki tatu na elfu themanini na nne. Tunaimudu."

"Sijakuuliza ya mwezi, wifi yangu. Nimekuuliza ya yote."

Mama Sindano alianza kuchoka na swali hilo. "Tunakopa milioni thelathini. Tutalipa milioni thelathini na riba yake kidogo. Miaka ishirini na mitano. Si imeandikwa hapo?"

"Usisaini kwanza," alisema Wifi. "Njooni kwangu tukae tupige hesabu."

Mama Sindano akaweka mkasi mezani. Kisha akasema jambo ambalo baadaye alilijutia.

"Nisisaini kwa sababu gani? Kwa sababu wewe bado unapanga? Sema tu wifi, unanionea gere."

Wifi alivua miwani. Akaikunja, akaiweka kwenye mkoba. "Haya," alisema. "Mimi nimenyamaza." Akatoka bila kupima gauni.

Jioni Mama Sindano alimweleza mumewe. Baridi alikuwa amechuchumaa nyuma ya friji, mkononi ana bisibisi. Hakuinua kichwa.

"Unanyamaza nini?" mkewe akauliza. "Sema neno."

"Huku mke, huku dada. Nikisema neno nalala na hizi friji."

Lakini wasiwasi ulikuwa umeshamwingia. Baada ya muda akauliza polepole, "Kwani hiyo jumla ni kiasi gani?"

"Na wewe pia!" alisema mkewe, akaenda jikoni.

Mimi simlaumu. Mtu aliyepanga nyumba za watu miaka yote, akionyeshwa mlango wa kwake, haangalii vizingiti.

Jumatano mama mmoja alikuja kibandani. Alitaka mapazia ya sebule. Mama Sindano alimwonyesha vitambaa viwili. Kimoja kilikuwa chembamba, kingine kipana.

"Hiki mita bei gani?" mteja akauliza.

"Elfu tatu."

"Na hiki kipana?"

"Elfu tano."

"Aa, nipe cha elfu tatu. Rahisi."

Mama Sindano alicheka. Alikuwa amesikia jibu hilo mara elfu. "Dada yangu, hicho ni chembamba. Kwa dirisha lako kitakula mita kumi na nne. Hiyo ni elfu arobaini na mbili. Hiki kipana utahitaji mita saba tu. Elfu thelathini na tano. Usiniulize mita moja bei gani. Niulize pazia zima litakugharimu..."

Akaishia hapo. Chaki ilibaki hewani.

"Litanigharimu nini?" mteja akauliza. "Mama Sindano, unaumwa?"

Hakuwa anaumwa. Alikuwa anaona aibu. Kwa miaka kumi na mitano aliwacheka wateja wanaouliza bei ya mita moja. Sasa yeye mwenyewe alikuwa ameuliza bei ya mwezi mmoja, akasahau kuuliza miezi yote. Alishusha chaki akaandika juu ya meza ya kukatia: miezi mia tatu mara elfu mia tatu themanini na nne. Akapiga hesabu. Akapiga tena. Jibu lilikuwa lile lile.

Milioni mia moja na kumi na tano, na laki mbili juu yake.

Alifunga kibanda mapema. Aliwapitia mumewe na binti, na wote watatu wakaenda kwa Wifi kabla jua halijazama. Njiani Baridi alitaka kujua kuna nini. Mkewe alimjibu kwamba leo anakwenda kula maneno yake mwenyewe, na kwamba asimcheke.

Wifi alifungua mlango. Hakutabasamu, lakini aliwakaribisha. Binti alimkumbatia shangazi yake, akakimbilia kwenye vitabu vya shangazi huyo. Mama Sindano hakungoja kukaa.

"Wifi, nilikuambia unanionea gere."

"Uliniambia. Masikio yangu hayana hitilafu."

"Nimekosa. Nisamehe. Nimepiga hesabu nimeogopa."

Wifi alimtazama kitambo. "Nitakusamehe ukinimalizia gauni," alisema. Kisha akacheka, na nyumba nzima ikapumua. "Kaeni. Hiyo tepu iliyo shingoni mwako nipe."

Mama Sindano alivua tepu yake ya kupimia. Aliivaa hata akienda sokoni. Wifi akaitandaza mezani kutoka mwanzo hadi mwisho.

"Tepu hii ina sentimita mia moja na hamsini. Mkopo wenu ni wa miezi mia tatu. Kwa hiyo kila sentimita moja ni miezi miwili. Tuko pamoja?"

"Tuko pamoja."

"Sasa nionyeshe. Ukifika wapi utakuwa umelipa nusu ya deni?"

Mama Sindano hakusita. Aliikunja tepu katikati. "Hapa. Sabini na tano. Nusu ni nusu."

Wifi aliikunjua tena. Akaweka kidole kwenye sabini na tano, akaanza kukisogeza. Kikapita tisini. Kikapita mia moja. Kikapita mia moja na ishirini. Kikasimama kwenye mia moja na ishirini na tatu.

"Hapa," alisema. "Baada ya miaka ishirini na nusu. Siku hiyo bado mtadaiwa milioni kumi na tano."

"Haiwezekani!" alisema Baridi, tena kwa sauti kubwa. Binti aliinua macho kitabuni. Hakuwahi kumsikia baba yake akipaza sauti.

"Inawezekana, mdogo wangu. Kaa nikueleze." Wifi alichukua kalamu. "Riba yenu ni asilimia kumi na tano kwa mwaka. Mwezi wa kwanza mnadaiwa milioni thelathini. Riba ya mwezi huo peke yake ni laki tatu na elfu sabini na tano. Ninyi mnalipa laki tatu na elfu themanini na nne. Riba inakula kwanza. Kinachobaki ndicho kinachopunguza deni. Kimebaki kiasi gani?"

Baridi alihesabu kwa vidole. "Elfu tisa."

"Elfu tisa tu?" alisema Mama Sindano. "Mimi nakunja suruali mbili tatu napata zaidi ya hiyo!"

"Elfu tisa. Na mwezi wa pili riba inapigwa juu ya deni lililobaki. Deni limepungua kidogo sana, basi na riba inapungua kidogo sana. Ndiyo maana miaka ya mwanzo mnalipa kama mnatwanga maji kwenye kinu. Mwaka mzima wa kwanza mtatoa zaidi ya milioni nne na nusu. Deni litapungua laki moja na ushee."

Baridi alikuwa na miaka arobaini na miwili. Hakuhitaji karatasi. "Nitamaliza nikiwa na miaka sitini na saba," alisema. "Sitini na saba, nabeba friji za watu mgongoni."

"Na nyumba ya milioni arobaini itakuwa imewagharimu milioni mia moja ishirini na tano, ukiweka na ile kumi yenu. Mmenunua nyumba moja kwa bei ya nyumba tatu."

Mama Sindano alijifunika uso. "Basi tunaiacha. Tunarudi kwa yule anayetupenda."

"Nani amesema muiache?" Wifi aligonga meza. "Mkopo wa nyumba si nyoka. Ni kama kisu cha jikoni, ukijua pa kukishika kitakupikia. Sikutaka kuwavunjia nyumba, nilitaka mjue bei yake. Sasa sikilizeni. Mngelipa kwa miaka kumi na mitano, rejesho lingekuwa kiasi gani kwa mwezi?"

"Mara mbili," alisema Baridi.

"Laki sita," alisema mkewe.

"Laki nne na elfu ishirini."

Walitazamana. Ilikuwa ni ongezeko la elfu thelathini na sita tu.

"Zidisha kwa miezi mia moja na themanini," aliendelea Wifi. "Milioni sabini na tano na laki sita. Toa kwenye ile ya kwanza. Karibu milioni arobaini zinabaki mfukoni mwenu. Ni bei ya nyumba nyingine kama hiyo."

"Kwa elfu thelathini na sita kwa mwezi?" aliuliza Mama Sindano.

"Kwa elfu thelathini na sita kwa mwezi. Kwa sababu yote hiyo inakwenda kwenye deni lenyewe. Riba haiigusi."

Furaha ikarudi, lakini na swali lake. Zitoke wapi? Walikuwa wanalipa kodi ya nyumba laki mbili na nusu. Kibanda cha kushonea kilikula elfu tisini. Jumla laki tatu na elfu arobaini. Bado zilipungua elfu themanini, na ilibidi binti asome, na chakula kinunuliwe.

Baridi ndiye aliyesema, kwa sauti yake ya kawaida. "Nyumba ina chumba cha mbele."

Mkewe alimwelewa mara moja. Kile kibanda alikianzisha kwa cherehani kimoja cha kuazima. Kilikuwa njiani, watu walimwona. Chumba cha mbele kilikuwa kwenye mtaa wa ndani, mbali na kituo cha basi.

"Kibanda changu mimi?" alisema. "Wateja wangu wataniona wapi?"

"Wateja hufuata mkono, hawafuati ukuta," alisema Baridi. "Na mimi nitapunguza kubeba friji kuja nyumbani bure. Wanaotaka nibebe, walipe usafiri. Elfu themanini itapatikana."

Mama Sindano alilia kidogo. Kuacha kitu ulichokijenga mwenyewe kunauma. Kisha akajifuta kwa ncha ya tepu. "Haya. Lakini bango la mlangoni nataka kubwa. Lionekane na vipofu."

Kabla hawajaondoka, Wifi aliwapa maswali ya kwenda kuuliza benki. Je, riba inaweza kupanda baadaye? Tukilipa mapema, kuna faini? Mwanasheria, mthamini wa nyumba na bima watagharimu kiasi gani, na fedha hiyo inatoka wapi? Mama Sindano aliyaandika nyuma ya ile karatasi ya benki.

"Na muombe jedwali la marejesho," alisema Wifi. "Lile linaloonyesha mwezi kwa mwezi riba inakula kiasi gani na deni linapungua kiasi gani. Ni haki yenu kuliona. Wakisita, rudini nyumbani."

Alhamisi asubuhi walikuwa wa kwanza benki. Afisa mikopo alikuwa kijana mwenye tai iliyonyooka. Alichapa jedwali bila kusita. Lilikuwa refu kama orodha ya harusi.

"Kwa nini hukutuonyesha hili siku ile?" Mama Sindano aliuliza.

Kijana alikuna kichwa. "Mama, mlitaka kujua kwa mwezi ni kiasi gani, na mlitaka kiwe kidogo kabisa. Rejesho likiwa dogo, miaka lazima iwe mingi. Sikuwadanganya. Ila sikuwaeleza pia. Hapo kosa ni langu."

Mama Sindano alimpenda kwa jibu hilo. Akamuuliza maswali yote. Riba ya mkopo huo haikuwa ya kupanda na kushuka. Hilo lilikuwa zuri, maana mikopo mingine riba yake hubadilika, na rejesho hupanda nayo. Faini ya kulipa mapema haikuwepo.

"Ila mkileta fedha ya ziada," alisema afisa, "andikeni barua kwamba ipunguze deni lenyewe. La sivyo itahesabiwa kama rejesho la mwezi unaofuata, na hamtafaidika sana."

Gharama za mwanasheria, mthamini na bima zilikuwa milioni moja na nusu. Hizo hawakuwa wamezitenga. Iliwabidi wamwombe muuzaji wa nyumba miezi miwili. Dalali alilalamika kwamba wanunuzi wengine wako mlangoni.

"Waingie," alisema Baridi.

Hawakuwepo. Muuzaji akakubali. Baridi alitengeneza friji hata siku za mapumziko, na mkewe alishona sare za kwaya mbili. Miezi miwili ilipokwisha, walisaini mkopo wa miaka kumi na mitano.

Mwezi wa kwanza chumba cha mbele kilikuwa kimya. Mama Sindano alikaa nyuma ya cherehani akitazama mlango. Wiki ya tatu aliingia yule mama wa mapazia, na nyuma yake majirani zake wawili. "Tumekutafuta mji mzima," walisema. "Kituoni hakuna hata wa kututania." Kabla mwaka haujaisha alihitaji msaidizi.

Kila mwaka, msimu wa sare za shule ulipofika, kazi ilijaa mpaka barazani. Kila mwaka walitoa rejesho moja la ziada, na barua yake. Mwaka wa nne Baridi alitamani gari dogo la kubebea friji. Walibishana siku tatu. Mwishowe walilipa rejesho la ziada, na gari wakalinunua mwaka uliofuata, kuukuu lakini lao. Wifi alikuja kila mwaka kukagua jedwali, na kila mwaka aliondoka na gauni jipya. Naye alipokuja kununua nyumba yake, Mama Sindano alimsindikiza benki, akauliza maswali yote kwa sauti kubwa mpaka Wifi akaona haya.

Deni liliisha mwezi mmoja kabla ya miaka kumi na miwili kutimia. Walikuwa wamelipa milioni sitini na nne na ushee. Afisa mikopo, ambaye sasa alikuwa na mvi mbili tatu, aliwakabidhi hati ya nyumba. Aliwafungulia jedwali la kale la miaka ishirini na mitano, lile ambalo hawakulisaini.

"Leo mngekuwa hapa," alisema, akaonyesha mstari. Mwezi wa mia moja na arobaini na tatu. Deni lililobaki: milioni ishirini na sita na zaidi. Baridi aliutazama mstari ule, kisha akamshika mkewe mkono mbele ya watu, jambo ambalo hakuwa na kawaida nalo.

Mwezi uliofuata, tarehe ya mwisho, Baridi alivaa shati safi. Kwa mazoea alihesabu laki nne na elfu ishirini, akaenda benki kwa miguu kama alivyokwenda miezi yote ile. Alipanga foleni. Zamu yake ilipofika alisukuma noti kwenye kidirisha. Karani alitazama kompyuta yake, akatazama tena.

"Mzee, hapa huna deni."

Foleni nzima ilicheka, na Baridi akacheka zaidi ya wote. Alirudi nyumbani, akaweka zile noti juu ya meza ya kukatia, katikati ya vitambaa. Binti yao alikuwa amekuja kutoka chuoni, na alikuwa anamsaidia mama yake kupiga pasi.

Mama Sindano alisimamisha cherehani. Tangu aolewe, kila fedha ya mwisho wa mwezi ilikuwa na mwenyewe anayeingoja.

"Za nani hizi?" aliuliza.

"Zetu," alisema Baridi.